Maswali tunayoulizwa kila siku kuhusu kufuatilia makundi ya mrengo mkali wa kulia (tukiwa Arusha)

Nimeamua kuyaandika yote sehemu moja maana nimechoka kujibu yale yale WhatsApp, mtu anakutumia voisi ya dakika sita afu swali lenyewe liko sekunde ya mwisho. Tuko watu wanne, chumba kimoja juu ya duka la vifaa vya ujenzi huku Sakina, laptopu tatu nzima na moja inayowaka ikijisikia. Tunasoma, tunatafsiri na kutunza vitu ambavyo makundi ya siasa kali za mrengo wa kulia, hasa ya Ulaya na Marekani, yanaviweka hadharani. Maswali yamekaa jinsi yanavyokuja, usitafute mpangilio.

Huo mrengo mkali wa kulia ni nini hasa? Si ni wahafidhina tu?

Hapana. Mtu anataka kodi ipungue, anaenda kanisani kila Jumapili na hapendi mabadiliko, huyo ni mhafidhina, muache na maisha yake. Sisi tunaowaandika ni wale wanaoamini binadamu tumezaliwa kwa madaraja, kwamba kuna rangi au taifa liko juu na wengine inabidi wapunguzwe, wafukuzwe, au wafe kabisa, na kwamba kura na mahakama zinawachelewesha tu. Humo kuna Wanazi mamboleo, kuna wanaodai ukuu wa wazungu, kuna wanaohubiri kwamba wahamiaji wanaletwa makusudi ili kuwafuta wazungu. Na usidhani wote wamejificha. Chama cha Golden Dawn cha Ugiriki kiliingia bungeni 2012 kwa kura halali kabisa, watu wakapiga foleni, afu tarehe 7 Oktoba 2020 mahakama ya Athens ikasema lile lilikuwa genge la uhalifu. Kwaio kukaa bungeni sio cheti cha usafi.

Sawa, ila sisi watu wa Arusha na Moshi inatuhusu nini? Si mambo ya wazungu hayo?

Hili ndo naulizwa kuliko yote, hata na mama yangu.

Anza na mlima wenyewe. Mangi Meli, mtawala wa Wachaga wa Moshi, alinyongwa na Wajerumani pale Old Moshi tarehe 2 Machi 1900, na familia inaamini kichwa chake kilichukuliwa kikapelekwa Ujerumani, mjukuu wake amehangaika nacho miaka nenda rudi. Kule Berlin kulikuwa na bwana anaitwa Felix von Luschan aliyekuwa anakusanya mafuvu kutoka makoloni kwa ajili ya ile waliyoiita sayansi ya mbari, yaani wanapima kichwa cha mtu kwa rula ili kujua yuko daraja gani. Mwaka 2023 taasisi inayosimamia makumbusho za Berlin ikatangaza kwamba vipimo vya DNA vimekutanisha baadhi ya mafuvu na ndugu walio hai huku kwetu, moja likiwa la Akida, mshauri wa Mangi Meli. Cha Meli mwenyewe hakikuwemo. Sasa ile rula ya kupimia vichwa ndo baba wa haya tunayoyasoma leo Telegram, hamna kipya, wamebadilisha fonti tu.

Afu kuna Carl Peters, mkoloni wa Kijerumani, Mkono wa Damu mwenyewe. Huyu alinyongesha mtumishi wake na mwanamke aliyekuwa akiishi naye wakati yuko kituo chake cha Kilimanjaro, mambo yakawa mazito hadi Ujerumani wenyewe wakamfukuza kazi 1897. Nani aliyekuja kumsafisha jina? Hitler, 1937. Na ukisoma habari za walowezi wa Kijerumani Tanganyika miaka ya 1930 utakuta chama cha Nazi kilikuwa na wanachama hadi huku kaskazini, hadi vita ilipoanza 1939 Waingereza wakawakusanya wakawaweka kizuizini.

Ukitaka ya karibuni zaidi: yule kijana aliyeua watu 9 kanisani Charleston, Marekani, tarehe 17 Juni 2015, alikuwa amepiga picha na jaketi lenye bendera mbili za Afrika. Moja ya Afrika Kusini ya makaburu, nyingine ya Rhodesia, Zimbabwe ya leo enzi ikitawaliwa na wazungu wachache. Kijana wa Marekani lakini anailia Rhodesia, nchi iliyokufa kabla hajazaliwa! Kwaio wao wanatufikiria sana, sisi ndo hatuwafikirii.

Nyie ni wapelelezi?

Sisi ni makarani. Serious kabisa, hiyo ndo kazi, ukarani. Mtu anakuja anadhani atavaa kofia na miwani ya giza, anakuta anajaza Excel safu ya 400 tarehe, saa, linki, nani kasema, kwa maneno gani.

Mfano ninaoupenda. Chris Hani, kiongozi wa wapigania uhuru wa Afrika Kusini, alipopigwa risasi nje ya nyumba yake Boksburg tarehe 10 Aprili 1993, na muuaji alikuwa mhamiaji wa Kipolandi wa siasa hizi hizi, aliyesababisha akamatwe haraka ni jirani, mwanamke wa Kikaburu, aliyeshika namba za gari na kupiga simu polisi. Basi. Namba ya gari. Nchi ilikuwa inaelekea kuwaka moto na namba ya gari ikasaidia kuonyesha ni nani hasa kafanya. Naye hakuwa mpelelezi.

Au Alfred Wiener, Myahudi wa Berlin, alianza kukusanya magazeti na vipeperushi vya Wanazi miaka ya 1920 wakati watu wanawacheka wanawaona vichaa. Wanazi walipoingia madarakani 1933 akakimbilia Amsterdam, akaanza kukusanya upya, afu akahamishia London 1939, na baada ya vita karatasi zile zikasaidia waendesha mashtaka wa Nuremberg, walikohukumiwa vigogo wa Nazi. Maktaba yake ipo London hadi leo.

Mbona mnapenda kuitaja ile mahakama ya Umoja wa Mataifa ya mauaji ya kimbari ya Rwanda? Hutu Power, wale waliohubiri chuki dhidi ya Watutsi, nao ni mrengo wa kulia?

Wasomi wengi hawawaweki moja kwa moja kwenye kapu hilo, na mi sibishani nao, kila kundi lina historia yake. Ila kwa kazi yetu ile mahakama ni shule, na bahati ilikuwa hapa hapa, pale kwenye jengo la mikutano la AICC, kuanzia miaka ya 90 hadi ilipofungwa mwisho wa 2015. Wengi wetu tuliipita na daladala tukiona magari meupe tu.

Kesi ya kusoma ni ile ya vyombo vya habari: wawili wa redio RTLM, Nahimana na Barayagwiza, na mmoja wa gazeti la Kangura, Hassan Ngeze. Hukumu ilitoka tarehe 3 Desemba 2003. Ushahidi ulikuwa nini? Kaseti. Kaseti za redio za kawaida, matangazo yamerekodiwa, yakaandikwa neno kwa neno, yakatafsiriwa toka Kinyarwanda, wataalamu wakabishana neno hili limetumika vipi siku ile. Kuita watu mende, inyenzi, ukilisikia peke yake unaweza ukasema ni tusi tu, ukilipanga kwa tarehe na kilichotokea barabarani jioni yake unaona kitu kingine.

Na hapa ndo kuna somo ambalo nawapigia kelele vijana wetu. Rufaa ilipotoka Novemba 2007, vifungo vikapunguzwa, na sababu mojawapo ni tarehe. Mahakama ilikuwa na mamlaka juu ya mwaka 1994 tu, kwaio matoleo ya Kangura ya kabla ya hapo, pamoja na zile "amri kumi" za Desemba 1990 zilizowaelekeza Wahutu wawatenge Watutsi, hayakuweza kusimama kama kosa la uchochezi lenyewe. Tarehe, jamani. Mtu amekaa jela miaka mingi au michache kwa sababu ya tarehe iliyoandikwa juu ya ukurasa.

Nyaraka nyingi za wazi za kesi zile zinasomeka mtandaoni bure, na kumbukumbu zenyewe zinatunzwa pale Lakilaki, huku huku Arusha. Anza hapo kabla hujaenda kuhangaika na Wajerumani.

Skrinshoti inatosha?

Haitoshi. Skrinshoti hata mdogo wako wa fomtu anaitengeneza dakika mbili.

Ukikuta posti, chukua linki nzima, sio ile fupi. Piga picha ukurasa wote na jina la akaunti lionekane. Peleka linki Wayback Machine, tovuti inayotunza nakala za kurasa, ikahifadhiwe na kwao, ili uwe na shahidi ambaye sio wewe. Kama ni video ishushe faili lenyewe, na usiligeuze umbo wala kulipunguza ukubwa, najua bando ni ghali ila ukilipunguza umeshalichafua. Afu piga alama ya SHA-256, hii ni kama alama ya kidole ya faili, programu inakupa mstari mrefu wa namba na herufi, faili likibadilika hata nukta moja mstari unatoka tofauti kabisa. Ule mstari uandike kwenye daftari la kawaida, la karatasi, kalamu ya wino. Umeme ukikata na laptopu ikafa daftari lipo. Nakala moja iwe kwenye diski nyingine, na hiyo diski isikae chumba kimoja na laptopu maana mwizi hachagui.

Kuanzia 2020 kuna mwongozo uliotengenezwa na ofisi ya haki za binadamu ya Umoja wa Mataifa pamoja na Chuo Kikuu cha California, Berkeley, unaitwa Berkeley Protocol, unaeleza haya yote kwa urefu. Una kurasa nyingi, usome na chai.

Nimesikia mnasumbuana sana kuhusu saa. Kwa nini?

Kwa sababu mi mwenyewe nilishaharibu. Niliandika kwenye jedwali "saa 3" kuhusu posti moja ya kundi la Ujerumani iliyozungumzia fujo kwenye maandamano, mi nimeiona saa tatu usiku, nikaandika saa 3 kama mtu yeyote wa Arusha. Wenzetu wa Ulaya tuliokuwa tunafanya nao kazi wakasoma ni saa tisa ya usiku wa manane. Maandamano yenyewe yalianza saa kumi na moja jioni kwa saa za kwao. Kwaio kwa hesabu yao posti imetoka kabla ya fujo, yaani walipanga, wakati ukweli ilitoka baada, mtu anajisifia tu. Kupanga na kujisifia ni vitu viwili mahakamani. Karibu iende kwenye ripoti, dada mmoja wa kwetu ndo akashtuka.

Tangu siku hiyo tunaandika 21:00, na pembeni yake UTC, saa ya kimataifa, ambayo ni 18:00, sisi tuko masaa matatu mbele. Saa ya kiswahili tunaongea, hatuandiki.

Naweza kuzitambua alama zao? Nimeona 88 kwenye bodaboda.

Muulize mwenye bodaboda kwanza, pengine ni mwaka aliozaliwa. Kweli 88 kwao ni herufi ya nane mara mbili, yaani salamu ya Hitler, na 14 ni kauli mbiu yao ya maneno kumi na manne, ukizikuta zimeungana 1488 hapo hamna bahati mbaya. Ila namba peke yake haisemi kitu.

Ngoja niwape ya Moshi. Mwanafunzi mmoja wa chuo alinitumia picha usiku, "shikamoo kaka, tumepata Wanazi mjini". Naangalia: geti la chuma la kijani, swastika mbili nyekundu zimechorwa kwa mkono, zimesimama wima, na kila moja ina nukta nne ndani. Juu limening'inia shada la maua ya njano yaliyoanza kukauka, chini kwenye kizingiti kuna vibatari vidogo vya udongo. Nikamuuliza mdogo wangu, leo tarehe ngapi? Ilikuwa wiki ya Diwali. Ni nyumba ya Wahindi, ile ni alama yao ya baraka ina miaka elfu kadhaa kabla Hitler hajazaliwa. Ya Wanazi kwa kawaida imeinamishwa, nyeusi, ndani ya duara jeupe kwenye kitambaa chekundu. Angeiposti ile picha angeiharibia familia ya watu jina kwa mji mzima.

Na mitumba je? Pale soko la Memorial nilimkuta dogo kavaa mkanda una bendera ya Confederate, yale majimbo ya Marekani yaliyopigania utumwa, kanunua buku tano. Nikamuuliza unajua hii nini, akasema ni ya watu wa magari. Ukimuandika huyo kama mfuasi utakuwa kichekesho.

Inabidi nijiunge kwenye magrupu yao kwa akaunti feki?

Sisi hatufanyi. Cha wazi kiko kingi hukimalizi. Ukishajifanya mwenzao inabidi uongee kama wao ili wakuamini, na maneno yale unayaandika wewe, yanabaki kwa jina lako feki ambalo siku moja litafunguliwa. Wapo wanaofanya hiyo kazi kwa mafunzo, wanasheria na wahariri nyuma yao. Wewe una nani? Usiwalipe hela pia, hata ile ya kununua tisheti "kama ushahidi".

Kuna wakati vitu vinavuja vyenyewe. Meseji za waandaaji wa lile kusanyiko la makundi haya la Charlottesville, Marekani, la Agosti 2017 zilitoka nje, wanahabari wakaziweka wazi, na kesi ya madai ilipofika Novemba 2021 jopo likaamua walipe zaidi ya dola milioni 25, ingawa hesabu ilikuja kubadilika baadaye mahakamani. Waliandika wenyewe, walifungwa mdomo na meseji zao.

Nikishea ile video au lile andiko la muuaji ili watu waone ubaya wake, si nasaidia?

Hapana, hapana, hapana. Ndo alichotaka. Yule wa Christchurch, New Zealand, tarehe 15 Machi 2019, aliyeua watu 51 kwenye misikiti miwili, alirusha laivu makusudi, na Facebook wenyewe walisema walifuta video milioni 1.5 ndani ya masaa 24 ya kwanza. Video milioni moja na nusu, na wengi walioshea pengine walikuwa wanasema "oneni unyama huu". New Zealand wakapiga marufuku hadi kuwa nalo lile andiko. Mi jina lake siliandiki hapa, waziri mkuu wao wa wakati ule Jacinda Ardern aliapa halitaji na naona alikuwa sahihi.

Ukilazimika kunukuu, nukuu kidogo, eleza maana yake, usiweke linki. Picha za watu waliokufa usiweke kabisa.

Sheria za hapa zinasemaje?

Mi sio wakili. Ila soma Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, kifungu cha 17 kinakataza kutengeneza na kusambaza maudhui ya kibaguzi kwa kompyuta, na cha 19 kinagusa kuchochea au kukanusha mauaji ya kimbari. Kwaio ile folda yako ukiitupia kwenye grupu la darasa umeshasambaza, nia njema sio kinga. Kuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, ilianza kazi Mei 2023, maana majedwali yetu yana majina ya watu. VPN, ile programu ya kuficha unakotoka mtandaoni, nayo TCRA, mamlaka ya mawasiliano, walitoa tangazo Oktoba 2023 kwamba watumiaji wajisajili. Kama ni utafiti wa chuo fuata kibali cha chuo chako, mgeni anapitia COSTECH, tume ya sayansi na teknolojia.

Wanaweza kunifuata?

Kuja Sakina sidhani. Kukutukana, kutafuta picha za watoto wako Facebook, kumuandikia bosi wako, hayo wanafanya. Funga akaunti zako, toa picha za geti la nyumbani na sare za shule. Kazi ifanye kwenye kifaa tofauti na kile cha M-Pesa. Na usijidanganye na "laini ya siri", laini zote hapa zimesajiliwa kwa alama ya kidole.

Je inaathiri kichwa?

Ndio. Mi nilikuwa naangalia kipande kimoja na iafoni masikioni, shemeji akaniwekea bakuli la mtori pembeni, na tangu siku ile mtori wa moto ukinukia nasikia ile sauti. Ni miaka sasa. Naupenda mtori, mi Mchaga, unaelewa hasara hiyo?

Kwaio zima sauti kwanza, sauti ndo inayoingia ndani kuliko picha. Weka skrini isiwe na rangi, dirisha dogo kwenye kona. Usifanye usiku, usifanye ukiwa peke yako, na usile ukiangalia. Tuna sheria ya masaa mawili afu unashuka chini unanunua hata vocha. Ukianza kuwachekea memu zao, au kuona "ila hapa wana hoja", sema kwa mwenzako siku hiyo hiyo, bila aibu. Wanatengeneza vile vitu vichekeshe, ndo mlango wao.

Sijui Kijerumani wala Kigiriki. Nitaweza?

Kiingereza kinatosha kuanza. Tafsiri ya mashine inasaidia kujua posti inahusu nini tu, usiinukuu kamwe, maana utani na mafumbo yao inayageuza maneno ya heshima.

Inalipa?

Kidogo, tena kwa kuchelewa. Kuna shirika la nje lilichukua jedwali letu la miezi minne, likatoa ripoti nzuri yenye picha, sisi tukawa "vyanzo vya eneo husika". Siku hizi tunaandikishana kwanza.

Naweza kuja kujitolea?

Karibu. Wiki mbili za mwanzo utapewa matoleo ya zamani ya magazeti na utaandika tarehe, jina la mwandishi na ukurasa, hamna kingine, wengi wanaacha siku ya nne. Leta daftari lako na kalamu. Ngazi ziko nyuma ya duka, pita tu, usimuulize mwenye duka, anaamini tunachezesha watu kamari huku juu.